Mama Victoire na Jina la Itaewon

Mama Victoire husuka nywele mtaani Troyeville, katika chumba cha mbele cha nyumba anayopanga. Jina lake ni Masika, na alikimbilia nchi hii kutoka mji wa kwao, Butembo, wakati wa vita akiwa na mimba. Kila Novemba huomba misa kwa ajili ya mumewe, Papa Évariste, aliyeuawa kule. Binti yake wa pekee, Victoire, ndiye husoma somo siku hiyo.

Jumamosi moja mwaka 2018 nilikuwa nimekaa sakafuni mbele ya magoti yake, nusu ya kichwa imesukwa. Victoire alikuwa amepata ufadhili wa kusoma Seoul, na chumba kilikuwa kimepatikana katika mtaa wa Itaewon. Alitusomea habari za mtaa huo kwenye simu.

"Jina lenyewe watu wanalieleza kwa njia nyingi," alisema. "Lakini hii moja, eish! Zamani, Wajapani walipovamia, askari waliwanajisi wanawake. Wanasema wanawake hao walikaa pale na watoto waliowazaa, na mtaa ukapewa jina kutokana na watoto hao."

"Kumbe Wakorea nao walipitia hayo!" alisema Jeanne, mshonaji wa jirani. "Mimi nilijua huko kuna simu na tamthilia tu."

Tulicheka. Mikono ya Mama Victoire ikasimama kichwani mwangu.

"Hao watoto walifukuzwa?"

"Hapana, mama. Wanasema walikulia pale pale."

"Na mama zao?"

"Walibaki nao."

Alinivuta nywele hadi machozi yakanitoka.

"Victoire. Papa Évariste alikufa miaka miwili kabla hujazaliwa."

Jeanne alijiziba mdomo. Mimi sikuthubutu kugeuka.

"Miaka miwili?"

"Baba yako alikuwa askari. Sura yake sikuiangalia. Nilikubeba mpaka huku ili usiitwe jina lolote ila lile nililokupa mimi."

Victoire aliweka simu juu ya meza akatoka, miguu mitupu. Hakuna aliyemfuata. Mama yake akaendelea kusuka. Akafumua, akasuka tena.

Tulikuwa tumefika msuko wa mwisho Victoire aliporudi, macho yamevimba. Alichukua beseni la maji ya moto, akakusanya ncha za nywele zangu, akazichovya polepole ili zisifumuke, kama alivyofundishwa tangu utotoni.

"Novemba nitakuwa Seoul," alisema bila kuinua uso. "Papa Évariste atasomewa na nani?"

"Bado unataka asomewe?"

"Mama, mimi sina baba mwingine."