Zahoro Fundi Saa na Wingu la Kusini

Zahoro alikuwa fundi saa. Kwa miaka kumi na mbili alikaa kibaraza kimoja Mtaa wa Sikukuu, kioo kimebanwa jichoni, mpaka mwaka 1976 alipoletewa mtambo wa saa mkubwa kama sufuria ya pilau.

Mtambo ule ulikuwa wa kuzungushia darubini. Wataalamu kutoka Ulaya, pamoja na Dakta Eliakimu wa hapahapa nchini, walikuwa wamepiga mahema Kigamboni ili wachore ramani ya wingu la ajabu lililoonekana angani upande wa kusini. Zahoro aliutengeneza kwa siku mbili, wakamwambia abaki nao. Tangu hapo usiku kucha alikaa jicho kwenye darubini, mkono kwenye gurudumu dogo, akiizuia nyota isitoke kwenye uzi mwembamba uliokatiza kioo. Picha moja ilichukua muda wa saa nne. Akipiga chafya, imeharibika. Asubuhi alipanda kivuko kurudi Kariakoo, akalala.

"Si nyota, mama, ni moshi," alimweleza mama yake, Bi Sitara. "Mkubwa kuliko dunia na vyote vilivyomo. Na ukingo wake mmoja unasogea, wataalamu wenyewe hawajui kwa nini."

"Hayo usiyaseme nje."

Alikuwa na sababu. Pale mtaani mtu wa nyota alijulikana wa aina moja tu: mpiga ramli anayefungua kitabu, akakuuliza jina lako na la mama yako, kisha akakutajia adui. Mwaka juzi mmoja wao alifukuzwa kwa mawe. Kwa hiyo majirani walipouliza mbona Zahoro haonekani kibarazani, Sitara alisema amepata kazi bandarini, zamu ya usiku. Alisema kwa uhodari, hata akaongeza kwamba wanapewa maziwa.

Kisha ukaja msako wa wazururaji. Asiye na kazi alipakiwa lori akapelekwa mbali kulima. Sitara hakupata usingizi. Kila siku alimkumbusha mwanawe aombe kwa mabwana zake barua ya kuthibitisha kwamba ana kazi.

"Nitaomba tukimaliza ukingo ule," Zahoro alisema. "Zimebaki picha tano."

Zilipobaki tatu, saa nne asubuhi, mgambo wawili waliingia na Seifu, balozi wa nyumba kumi. Zahoro alikuwa amelala fofofo.

"Huyu anafanya kazi wapi?" mgambo aliuliza.

"Bandarini, baba," Sitara aliwahi.

Zahoro akatoka amejifunga msuli, macho mekundu. Naye akaulizwa.

"Kigamboni. Tunapiga picha za wingu la angani."

Ua mzima ukaangua kicheko. Mpangaji wao Hyasinta aliacha kufua. "Mwanamume mzima analala mchana kama popo, kumbe anachunga mawingu! Yasije yakapotea!"

"Mama bandarini, mwana mawinguni," alisema mgambo. "Balozi, tumuamini nani?"

Seifu akamwita Hamis wa chumba cha mbele, aliyekuwa mpakuaji mizigo wa kweli wa bandarini. Hamis alimtazama Sitara, akatazama chini. "Zamu zote nazijua. Huyu sijapata kumwona."

"Nendeni naye," Seifu alisema. "Mimi simdhamini mtu ambaye mama yake mwenyewe hajui anachofanya."

Zahoro hakumlaumu mama yake. Alipokuwa anasukumwa mlangoni alisema tu, "Kwa Dakta Eliakimu, mama. Barua." Malori yangeondoka Mnazi Mmoja saa tisa.

Sitara alikwenda mbio kwenye kivuko cha Magogoni, kanga imemteleza begani, akavuka hadi Kigamboni. Kambini palikuwa kimya. Mlinzi alimzuia getini.

"Wamelala, mama. Hapa mchana ndio usiku."

Alisubiri, akasihi, mwishowe akapiga ukelele. Dakta Eliakimu akatoka hemani amekunja uso.

"Zahoro? Yule wa saa?" Alisikiliza mpaka mwisho. "Pole, mama. Kibali chetu cha serikali kina majina tisa, na lake halimo. Nikiandika kwamba tulimwajiri, tutafungashwa virago sote, na kazi haijaisha."

"Mistari miwili tu, baba."

"Siwezi." Akapiga miayo, akajifuta macho. "Zimebaki picha tatu. Huna fundi saa mwingine unayemjua huko kwenu? Awe na mkono mtulivu."

Sitara aligeuka akarudi kivukoni.

Alifika Mnazi Mmoja malori yamekwisha kuwashwa. Wanaume walisimama wamebanana nyuma, wake zao wakiwarushia nguo na vifurushi. Zahoro alimwona kwanza, akapenya mpaka ukingoni.

"Umempata?"

Sitara alimtazama mwanawe, msuli uleule, miguu mitupu.

"Nimempata. Anakuja."

"Na barua?"

"Anayo mwenyewe. Yuko nyuma yangu, kivuko kilijaa."

Zahoro akacheka, meno yote nje. Akamgeukia mgambo. "Ngojeni kidogo, afande! Dakta wangu anakuja!"

"Anashuka kutoka wingu gani?" mgambo alijibu, na lori zima likacheka, hata waliokuwa wakilia.

Lori liliondoka. Zahoro hakumwangalia mama yake hata kumpungia mkono. Alikuwa amenyoosha shingo juu ya vichwa vya wenzake, anatazama barabara ya kivukoni, asije Dakta akafika asimwone.