Saa ya Dakta Filimoni

Niliondoka Kigoma kwa sababu miguu yangu haijazoea kutulia, na nilikuwa nimeikumbuka baridi ya milima ya Kasulu. Filimoni, niliyesoma naye sekondari, alikuwa ameshuka treni ya Dar es Salaam, akahitaji mwenzi wa njia. Sasa alikuwa Dakta, mwalimu wa saikolojia chuo kikuu. Wenzake huko walidai watoto wa Buha, nchi ya Waha, ni wazito wa akili. Yeye, mzaliwa wa Heru Juu karibu na Kasulu, alikuja kuwapima ili awajibu.

Kasulu tulipita bila kulala, tumekaa juu ya magunia ya maharage ndani ya lori.

Kibondo, asubuhi, tuliingia shuleni. Dakta aliweka saa mezani, akamwaga vibao vya rangi. "Vipange kama picha hii. Haya, anza!" Mtoto wa kwanza aliinamisha macho, kimya. Wa pili vilevile. Kufikia mchana karatasi ilijaa sifuri.

"Huenda wenzangu wamesema kweli," alinong'ona tukirudi. Sijapata kumwona mnyonge vile.

Heru Juu, mama yake alitupokea uani. Alimwamkia mwanawe taratibu, akipiga makofi laini kwa desturi ya Kiha: habari za njiani, za mke, za watoto, za mvua ya huko. Msomi wetu aliinamisha macho, akijibu kwa sauti ya chini, akingoja kila neno limalizike.

Nikashindwa kujizuia. "Ndugu Dakta, ningekuwekea saa hapo, ungepata sifuri!"

Mama alicheka. Filimoni hakucheka.

"Nililelewa hivi mwenyewe," alisema. "Mtoto hamjibu mkubwa kabla salamu hazijaisha. Nami nimewaamrisha kama askari jela! Kesho tunarudi Kibondo."

"Na treni yako?"

"Iende."

"Kula kwanza," mama alisema. "Akili haikimbii."

Kibondo mara ya pili, saa ilibaki mfukoni. Dakta alikaa mkekani, akapiga makofi, akawaamkia kwa Kiha mmoja mmoja. Yule mtoto wa kwanza aliitikia salamu zote, kisha akavuta vibao bila kuambiwa. Alipomaliza kuvipanga, aliinua macho.

"Ni hivi tu?"

Dakta alirudi chuoni na jibu lake. Mimi, tangu safari ile, siulizi njia wala maji kabla ya salamu kwisha. Ninachelewa sana, lakini ninafika.