Magofu ya Coba na Kadi ya Posho

Tuliokuwepo siku ile ni hawa: mimi, mkubwa wa nyumba yetu, niliyetoka Buffalo, mdogo wangu wa kiume, aliyetoka Columbus na kumwacha mke wake na mimba ya miezi saba, kitinda mimba wetu, msichana wa miaka kumi na tisa, aliyetoka Louisville, mwongoza watalii, dereva wa basi dogo, na mzee mmoja wa Kanada na mkewe, waliokaa viti vya mbele wakipokezana chupa ya maji. Hakuwepo mdogo wetu wa tatu, msichana aliyezaliwa katikati ya kaka yake na kitinda mimba. Yeye alikuwa katika kambi ya wakimbizi ya Kigoma, Tanzania, akisubiri jibu langu. Jibu nilikuwa nalo tangu wiki iliyotangulia, na nilikuwa sijamwambia mtu.

Ilikuwa mwaka wa 2016. Kitinda mimba alikuwa amemaliza sekondari, wa kwanza kwetu kufika huko. Mimi niliacha shule darasa la tano, mama alipomfuata baba kaburini, nikaanza kulima vibarua katika vijiji vya jirani na kambi tuliyokulia. Siku moja kitinda mimba alikataa kwenda darasani kwa sababu hakuwa na daftari. Nikamwambia, "Nenda hivyo hivyo. Siku utakayomaliza shule, niombe chochote." Nilidhani ataomba gauni. Akaomba kuona magofu ya Wamaya, aliyoyasoma kwenye darasa la Kihispania pale Louisville. Nikafanya zamu za ziada kiwandani Tonawanda, jirani na Buffalo, majira yote ya baridi, kaka yake akachangia kutoka ghala analofanyia kazi Columbus, na mwezi wa nane tukakutana Mexico. Tulikuwa tumekaa miaka miwili tukionana kwenye simu tu.

Kwenye uwanja wa ndege, afisa alizipanga hati zetu tatu mezani, akazitazama, akauliza kitu. Kitinda mimba akatutafsiria: "Anauliza kwa nini wote tumezaliwa Januari mosi."

"Mwambie mama alikuwa anazaa Mwaka Mpya tu," kaka yake akasema. "Siku nyingine alikuwa na kazi."

Afisa alicheka, akagonga mihuri. Mimi sikucheka. Tarehe zile zilijazwa na waandikishaji wa kambini, kwa kuwa hatukuzijua za kweli, na mimi ndiye niliyesimama mbele ya meza yao nikijibu maswali kwa niaba ya wote.

Lazima nieleze habari ya kadi, maana bila hiyo mengine hayaeleweki. Mama alipokufa, aliyetusaidia zaidi ya watu wote ni bibi mmoja jirani, mjane asiye na mtoto. Kadi yake ya posho ilikuwa ya mtu mmoja, na unga wa mtu mmoja haukumtosha hata huyo mmoja, wala hakuwa na nguvu za kusimama kwenye foleni. Akina mama wa kanisa wakakaa, wakaamua jambo lililokuwa likifanyika kambi nzima: mmoja wetu aandikwe kwenye kadi ya bibi. Hivyo bibi angepata posho ya wawili, na mtoto angemchukulia posho hiyo, angemtekea maji, kisha jioni angerudi kulala kwetu. Walimchagua wa tatu kwa sababu alikuwa na miguu myepesi na hakuwa mtu wa kulalamika. Hatukuona kosa. Tulikuwa tunarudisha wema.

Miaka minne baadaye tukaitwa kwenye usaili wa kuja Amerika. Walioitwa ni waliokuwa kwenye kadi yetu, watatu. Afisa akauliza, mkalimani akarudia: "Una ndugu wengine walio hai, wa baba na mama mmoja?" Nilifikiri haraka. Nikisema yupo, kadi mbili zitaonekana za uongo, bibi atanyimwa posho, na sisi tutarudishwa nyuma ya foleni au tutaondolewa kabisa. Nikasema, "Ni hawa tu." Wakati huo wa tatu alikuwa nje ya uzio na dumu la maji, akitungoja turudi naye nyumbani.

Watu wazima wote waliniambia nisihofu, yeye atafuata, Amerika kuna fomu ya kila kitu. Tukaondoka. Tulipokuwa Louisville, ile kambi ikafungwa, na yeye na bibi wakapakiwa kurudishwa Burundi, nchi ya wazazi wetu, ambayo yeye alikuwa hajawahi kuiona. Bibi akafia huko. Mwaka wa 2015 Burundi ilipochafuka, alikimbia tena, safari hii peke yake, akapokelewa kwenye kambi nyingine ya Kigoma.

Mimi nilihamia Buffalo kwa sababu yake. Mtu wa kanisani alisema huko kuna mwanasheria anayeshughulikia mambo kama haya bila malipo. Nikamwacha kitinda mimba Louisville kwa mama mmoja wa kanisa ili asibadilishe shule, nikapata chumba, nikapata kazi ya kiwandani, nikasubiri. Sasa mwanasheria alikuwa amejibu.

Barabara ya kwenda Coba imenyooka ndani ya pori, kijani pande zote mbili. Mwongozaji alisimama karibu na dereva akieleza kwa Kiingereza na Kihispania. Alikuwa mtu mfupi, mpole, wa makamo. Yule mama wa Kanada akamuuliza Wamaya walipotelea wapi. Akasema, "Watu husema tulitoweka. Mama yangu amenipigia simu asubuhi hii, kwa Kimaya, kuniuliza kama nimekula." Basi zima likacheka. Kisha akatugeukia sisi, akataka kujua tunatoka wapi.

"Ohayo," akasema mdogo wangu, akitaja jimbo la Columbus.

"Na kabla ya Ohayo?"

"Kabla ya Ohayo ni hadithi ndefu, na wewe unalipwa kusimulia ya kwako."

Simu yangu ikalia tulipofika kwenye maegesho. Ulikuwa ujumbe wa sauti kutoka Kigoma. Nikausikiliza nikiwa nimeisogeza simu sikioni: "Dada, shikamoo. Nasikia mko wote pamoja leo. Nimefurahi. Nimechajisha simu kwa ajili ya leo, kwa hiyo ukiwa na neno la wakili, niambie tu, lolote." Nikaizima, nikaitia mfukoni. Niliazimia kuwaambia wadogo zangu kwanza, kabla ya kumjibu yeye, kwa kuwa jambo lenyewe liliwahusu.

Ndani ya magofu watu hukodi baiskeli. Mdogo wangu, aliyewahi kubeba mkaa kwa baiskeli kutoka vijijini hadi kambini, alichukua ya kwake, akailaumu breki, akanipakia nyuma kama gunia. Tulipita vilima vya mawe vilivyomezwa na mizizi. "Tumelipa hela nzuri," akasema, "kuja kuona nyumba zilizobomoka. Kambini tulikuwa tunaziona bure."

"Kaka, nyamaza," kitinda mimba akasema mbele yetu. "Hizi ni za wafalme."

"Zikishabomoka zote ni za mvua."

Tukasimama mbele ya jiwe refu lililosimamishwa chini ya kibanda cha makuti. Mwongozaji alituonyesha kwa kijiti, bila kuligusa: huyu ni mtawala, amevaa manyoya, ameshika fimbo yake, na hawa chini ya miguu yake ni mateka, wamefungwa. Mtawala alionekana vizuri ukishaonyeshwa. Wale wa chini mvua ilikuwa imewala nyuso. Kitinda mimba akauliza walikuwa akina nani. "Haijulikani," akasema mwongozaji, na tukasonga mbele. Niliona mdogo wangu ameacha utani. Alikuwa akinitazama.

"Dada, una nini? Tangu jana huli."

"Tupande kwanza," nikasema.

Piramidi kubwa ya Coba wakati ule watu waliruhusiwa kuipanda. Katikati ya ngazi kuna kamba nene, na wengi hupanda wakiishika kwa mikono yote miwili. Wazee wa Kanada walibaki chini na mwongozaji. Sisi tulipanda. Juu ni padogo, kuna upepo, na unachoona ni pori hadi mwisho wa macho. Kitinda mimba alikuwa analia kwa furaha, akisema ndivyo hasa ilivyokuwa kitabuni. Nilimwacha afurahi kidogo. Kisha nikawaketisha, nikawaambia.

Mwanasheria alisema hivi. Kwenye karatasi zetu, dada yenu hayupo, na aliyesema hayupo ni mimi, kwa kinywa changu. Ikibaki hivyo, hakuna mlango wa kumwombea. Naweza kuandika kwamba nilisema uongo, niombe kusahihisha. Nikifanya hivyo, ofisi inaweza kufungua upya faili letu lote, kwa sababu sote tuliingia kwa karatasi moja. Huenda wasifanye kitu. Huenda wakatunyang'anya makaratasi yote ya kuishi Amerika. Na hata wakikubali, nitangoja kwanza uraia, halafu niingie kwenye foleni ya miaka na miaka. Alinikataza kuweka saini mpaka wote wawili mkubali.

Kitinda mimba hakungoja nimalize. "Saini."

Mdogo wangu alikuwa akichuna majani madogo yaliyoota kati ya mawe. Akachuna mengi. Kisha akasema, "Dada, mimi mtoto wangu anazaliwa mwezi wa kumi."

"Najua."

"Kambini nilijenga nyumba mbili. Zote zilianguka. Hii ya Columbus sitaki iangushwe na saini."

"Yeye ndiye aliyekuwa ananibeba mgongoni kunipeleka kliniki," kitinda mimba akasema. "Si wewe."

"Sijasema simpendi."

"Basi sema unachosema."

"Nasema mimi usinitie kwenye karatasi hiyo. Mnipige, mnitukane, lakini msinitie."

Kitinda mimba akamjibu kwa Kiingereza, kama afanyavyo akikasirika, maneno mengi na ya haraka. Vijana wawili waliokuwa wakipiga picha karibu nasi wakageuka kuangalia kwingine. Mdogo wangu akaendelea kuchuna majani.

Mimi ndiye mkubwa. Niliwalea kwa kusema tunafanya hivi, nao wakafanya. Ningesema tunasaini, angelalamika, angetii, na asingelala usingizi tena. Nilijaribu kulisema. Nilifungua kinywa kabisa. Lakini akilini nilimwona mke wake, ambaye hajui lolote kuhusu kadi wala bibi, akipanga nguo za mtoto Columbus. Nikasema, "Basi. Hatusaini."

Kitinda mimba akashuka peke yake, kwa makalio, ngazi baada ya ngazi, bila kushika kamba. Mdogo wangu akashuka nyuma yangu. Mara moja akanishika bega nilipoteleza, akaliachia papo hapo. Chini, mwongozaji alituuliza kama tumependa, na mimi nikasema, "Sana." Chakula cha mchana kilikuwa kuku na maharage meusi. Wazee wa Kanada walitupiga picha. Katika picha ile wote watatu tunatazama pande tofauti.

Nilimjibu wa tatu tukiwa kwenye basi la kurudi. Nilimwambia yote: kwamba haiwezekani bila kuwaweka hatarini wenzake, kwamba tumezungumza, kwamba mwenye kuamua ni mimi. Sikumtaja kaka yake. Nikamaliza kwa kusema tutaendelea kujaribu.

Jibu lake lilifika tukiwa tayari tumeiona bahari. Kwenye ujumbe ule kwanza zinasikika sauti za watu wanaopita karibu naye. Kisha anasema, "Nimesikia, dada. Sina hasira. Msalimie kaka, mwambie nampongeza kwa mtoto. Lakini usiniambie tena kwamba utajaribu. Hilo ndilo ninalokuomba."

Nikamtii. Tangu siku ile tunaongea kila Jumapili, kuhusu mvua, kuhusu kwaya yao, kuhusu mtoto wa Columbus, ambaye sasa anatembea. Kitinda mimba hajaongea na kaka yake. Fomu niliyopewa na mwanasheria ipo, haina saini. Mdogo wangu wa tatu alimhudumia bibi kwa niaba yetu sote, akamzika kwa niaba yetu sote, na tulipoulizwa kama yupo, nilisema hayupo. Hilo ananidai, na sijalilipa.