Masikio Yangu Yalipojaa

Shirika moja la misaada lilinipa kazi ya kusikiliza watu kwa sababu nilikuwa na diploma ya pedagojia, na kwa sababu siku ya mtihani sikumkatiza yule mwanamke waliyemweka mbele yetu ajifanye mwenye msiba. Wenzangu wote walimpa mashauri. Mimi nilinyamaza mpaka akamaliza. Wakanichukua.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya mbao, pale Masisi mjini, nyuma ya hospitali, yenye bati jipya na pazia la kijani mlangoni. Watu waliiita nyumba ya kusikiliza. Wanawake waliopatwa na mabaya ya vita walikuja, wakakaa kwenye kiti cha plastiki, wakanieleza. Kuwatibu haikuwa kazi yangu. Muuguzi alikuwa upande wa pili wa ua. Mimi nilitakiwa kuketi, kuwatazama usoni, na kutoshtuka. Tulifundishwa maneno ya kusema: "Ninakusikia. Endelea ukiwa tayari." Tulifundishwa pia maneno ya kutosema kamwe, kama "pole, itaisha", maana hakuna aliyejua kama itaisha.

Nyumbani kwangu kulikuwa Sake. Mume wangu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na serikali ilimlipa siku ilipomkumbuka. Kwa hiyo mshahara wangu ndio uliokuwa bugali, mafuta, karo ya binti yetu, dawa za mama yangu kule Kibabi, na matanga ya ukoo mzima. Nasema hili mapema kwa sababu watu wengi waliniuliza baadaye kwa nini sikuacha. Waliouliza walikuwa na mahali pengine pa kwenda Jumatatu.

Miaka ya kwanza niliifanya kazi ile kwa moyo. Jumamosi nilipata nafasi katika gari la shirika lililoshuka Sake, nikalala kwangu, nikaenda misa na familia yangu, Jumatatu nikapanda tena milima. Kisha vikundi vya wenye silaha vikaanza kupigana upya juu ya vilima, kijiji kikakimbilia kijiji kingine, na foleni mbele ya pazia la kijani ikafika hadi ukuta wa hospitali. Shirika likatugawia simu. Tukaambiwa zisizimwe, na kweli hazikuzimwa. Yangu iliita nikiwa kanisani. Iliita nikisonga bugali. Iliita nikiwa bafuni na sabuni machoni, na nikaipokea.

Mkubwa wetu alikuwa kijana kutoka Ulaya. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo linaloniuma zaidi, kwa sababu mtu mbaya ungemtukana ukapumua. Alikula maharagi yetu, alijifunza kusalimu kwa Kihunde, lugha ya kwetu, alilia siku mlinzi wetu alipofiwa. Lakini kila baada ya wiki chache alipanda ndege akaenda kupumzika baharini, maana kanuni ya shirika ilisema mtu hawezi kukaa katika hali kama ile bila kupumzika. Alirudi mwekundu, ngozi ya pua imebambuka, ametuletea chokoleti.

Siku moja dereva wetu, mzee mwenye mvi, alimwuliza tukiwa tunapakua gari:

"Shefu, na siye tutapumzika siku gani?"

Kijana akatabasamu kama mtu aliyesikia utani mzuri. "Lakini Papa, ninyi mko kwenu!"

Tulikuwa kwetu, kweli. Wanawake waliokaa kwenye kile kiti walikuwa majirani wa shangazi zangu. Mmoja nilisoma naye katika shule ya kijiji cha Kingi, tulikula muhogo mmoja. Alipoanza kusema alitaja kilima ninachokijua, kijito nilichochota maji. Nikamtazama usoni, sikushtuka, nikamwambia aendelee akiwa tayari. Yeye hakuonyesha kwamba ananijua, nami sikuonyesha kwamba ninamjua. Tulipomaliza aliniaga kama mtu anayeniaga ofisini.

Halafu shirika likatuhamishia Walikale, mimi, mkubwa wetu na dereva, kwenye nyumba nyingine ya kusikiliza yenye pazia la kijani kama la kwanza.

Masisi ni milima na majani ya ng'ombe. Mtu anaona mbali. Walikale ni msitu, mvua, na tope jekundu linalovua viatu. Barabara ya kurudi Sake ilikuwa imekatika kwa vita, kwa hiyo tulitegemea ndege ndogo, na ndege ndogo ilibeba kwanza dawa, halafu wageni, halafu sisi kama nafasi ilibaki. Jumapili ilikufa huko. Asubuhi nilisikiliza, mchana nilisikiliza, jioni niliandika ripoti, kwa sababu wakubwa wa ofisi ya Goma waliitaka kabla ya kulala. Mume wangu alipiga simu mtandao ulipokubali.

"Mutoto anakuulizia," alisema.

"Mwambie nitakuya mwezi ujao."

"Mwezi uliopita ulisema vile vile. Weye uko muke wa projet. Mimi niko nani?"

Mtandao ulikatika kabla sijamjibu. Nilifurahi ulipokatika.

Mwili ulianza kunipa habari, lakini nilikuwa nimezoea kusoma habari za miili ya wengine. Chakula kilipoteza ladha. Sombe, yale majani ya muhogo, na karatasi vilikuwa sawa. Sokoni niliona kitenge kizuri kimeanikwa, na badala ya kuuliza bei nilifikiri juu ya mwanamke aliyenisimulia jinsi cha kwake kilivyochanwa. Usingizi ulinijia nikiwa nimekaa mkutanoni na ukanikimbia nilipolala. Kanisani midomo yangu ilisali yenyewe, na mimi nilikuwa mbali, nikipanga kesi za kesho.

Nilipopata likizo hatimaye, nilifika Sake na kumkuta binti yangu amekuwa mrefu, magauni niliyomnunulia hayamfiki magotini. Aliniketisha kwenye kitanda chake anieleze jambo la shuleni. Mwalimu wa hesabu alimfukuza darasani kwa kosa la rafiki yake, na rafiki yake akanyamaza. Kwa mtoto jambo kama hilo ni dunia nzima. Alikuwa karibu kulia. Nami nikasikia sauti yangu, laini, imepimwa, ikimwambia:

"Ninakusikia. Endelea ukiwa tayari."

Aliacha kusema. Akainuka kitandani.

"Mama, mimi siko mugonjwa wako," alisema, akatoka kwenda kumtafuta baba yake. Nilisikia akimwanzia hadithi upya kule uani, na baba yake akimkatiza kila mara kwa hasira: "Nini? Alisema nini? Huyu mwalimu ni mupumbavu!" Mtoto akacheka. Mimi nilibaki kitandani. Nilijua kwamba jibu sahihi lilikuwa lile la uani, na kwamba kwangu halipatikani tena.

Niliporudi Walikale nilimwomba mkubwa wangu miezi miwili ya kukaa nyumbani, hata bila mshahara. Alinisikiliza vizuri sana. Akasema anaelewa, akasema amekuwa akiona kwamba sisi sote tumechoka, na kwamba ameshaandikia Goma, na Goma wamekubali kutusaidia. Msaada wenyewe ulikuwa mafunzo.

Mkufunzi alishuka na ndege, mwanamke nadhifu mwenye kompyuta na mabaluni katika mfuko. Tulikaa katika ukumbi wa parokia. Mada ilikuwa imeandikwa ukutani kwa Kifaransa: usawa kati ya kazi na maisha. Alituchorea mizani. Upande mmoja kazi, upande mwingine familia, michezo, marafiki, matembezi. Akatuuliza kila mmoja hupenda kutembea wapi. Tulitazamana. Nje ya mji ule, njia zote za kutembea zilikuwa na kizuizi cha watu wenye bunduki. Muuguzi mmoja, ili asimvunje moyo mgeni, akasema hupenda kutembea hadi kisimani.

Kisha tukaambiwa tufumbe macho, tuvute pumzi, tulijaze baluni kwa uchovu wetu wote, tuufunge humo. Nilikuwa na baluni la manjano mdomoni simu ilipotetemeka. Ilikuwa mume wangu. Kibabi risasi zilikuwa zinapigwa tangu alfajiri. Watu walikuwa wanashuka kuelekea Sake, na hakuna aliyemwona mama yangu.

Nilimfuata mkubwa wangu mlangoni, nikamwambia. Alinishika bega.

"Pole sana. Lakini leo hakuna ndege, unajua. Na wafadhili wanafika kesho kuona kazi ya nyumba ya kusikiliza. Wewe ndiye unayeijua. Wakiondoka, ndege itakayowachukua itakuchukua na wewe. Nakuahidi." Halafu akaongeza, kwa wema wake wote: "Rudi ndani ukae na wenzako. Usibaki peke yako. Mafunzo haya ni kwa ajili ya wakati kama huu."

Nilirudi ndani. Mkufunzi akaniambia nivute pumzi. Nikavuta. Kesho yake nikawatembeza wafadhili, nikawaonyesha pazia na kiti, nikawajibu kwa Kifaransa kizuri, na mmoja wao akasema ninayo amani inayoambukiza. Waliondoka na mizigo mingi, na nafasi yangu ikachukuliwa na masanduku yao. Niliondoka na ndege iliyofuata, wiki hiyo ilipokuwa karibu kwisha.

Mama nilimkuta Sake, kwangu, ameketi kwenye mkeka nyuma ya nyumba, miguu imevimba, amevaa sweta la mume wangu. Alikuwa ametembea na jirani yake mmoja, mjane. Walianza njia wakiwa kundi. Wakafika wao wawili na watoto wachache wasio wao. Nilimwosha miguu, nikampikia lenga-lenga, mchicha anaoupenda. Alikula. Nilikaa karibu naye, nikasubiri. Nilijua kusubiri kuliko mtu yeyote katika wilaya ile.

Mwishowe nikauliza mwenyewe, kama mtoto, bila ufundi wowote. "Mama, njiani mulipatwa na nini?"

Alinitazama, akanishika sikio, akalivuta kidogo kama alivyofanya nilipokuwa mdogo.

"Mutoto wangu, hii masikio yako imeshajaa. Yangu utaweka wapi?"

"Mama, niambie. Ndio kazi yangu."

"Ndio ile. Iko kazi yako. Mimi siko kazi yako."

Hakuniambia siku ile wala nyingine. Yule mjane ndiye aliyeyazungumza naye, maana walikuwa wakikaa pamoja uani wakichambua maharagi, na nilipotokea walinyamaza kama wasichana. Mama alifariki msimu wa mvua uliofuata, tukamzika Sake, si Kibabi, kwa kuwa Kibabi hakukufikika. Mjane nilimwuliza baada ya matanga. Alikataa. Alisema ameapa. Wanawake wangapi wameniachia mambo yao mazito zaidi, nami nimeyabeba hadi leo, na la mama yangu mzazi nimenyimwa.

Wiki ya pili baada ya mazishi nilikuwa tena kwenye kiti changu Walikale. Mwanamke alikuwa mbele yangu, mama wa makamo, mwenye mtoto mgongoni. Alikuwa anasema. Niliona midomo yake ikienda, niliona chozi likishuka hadi kidevuni, na sikusikia kitu. Si kwamba sikuwa makini. Sauti haikufika. Nikainuka, nikapita pazia, nikapita foleni, nikaenda kuketi kwenye jiwe kando ya barabara, mvua ikaninyeshea. Dereva mzee ndiye aliyenikuta. Hakuniambia nivute pumzi. Alisema, "Dada, ingia mu gari," akawasha hita, akakaa nami hadi nguo zikaanza kukauka.

Daktari wa Goma alisema masikio yangu hayana ugonjwa. Akasema kwa Kifaransa kwamba nimeungua kwa ndani kutokana na kazi, akaandika nipumzike muda mrefu. Ofisi ilinitumia ujumbe wa upendo. Ilisema nisiwaze kazi hata kidogo, nijitunze, afya kwanza. Mradi ulikwisha nikiwa nimepumzika, mradi mwingine ukaanza wenye jina jipya na pazia lile lile, na jina langu halikuwemo. Mkubwa wangu alikuwa ameshahamishwa nchi nyingine. Aliniandikia kwamba mimi ni mwanamke mwenye nguvu kuliko wote aliowahi kufanya nao kazi. Nilimwonyesha mume wangu. Alisoma, akanirudishia simu, akaenda kukata kuni.

Sasa nauza katika duka la mfanyabiashara mmoja kutoka Butembo, sabuni, chumvi, mafuta na betri. Ni Mkatoliki wa kweli. Jumapili anafunga mlango na hataki kusikia habari za wateja. Masikio yalirudi polepole. Binti yangu yuko sekondari. Mambo yake humweleza baba yake, nami hupata yaliyobaki, mezani, kama mgeni anayeheshimiwa. Sizuii. Huenda siku moja atanijia uani.

Mwezi uliopita nilipigiwa simu na msichana aliyechukua nafasi yangu kule Walikale. Alipata namba yangu kwa dereva. Aliniuliza kwa aibu kama na mimi nilikuwa ninaota ndoto za watu wengine.

"Toka huko," nilimwambia. "Toka sasa, ungali unaota. Mimi nilifika mahali ndoto ziliisha."

Nilisikia mvua ya Walikale juu ya bati lake.

"Dada, nikitoka, nani atalisha kwetu?"

Nilikuwa nimesimama kati ya magunia ya chumvi, mteja ananisubiri, na nilitafuta neno, la kufundishwa au la kuzaliwa nalo, na sikulipata. Nikamwuliza kama barabara imefunguliwa. Akasema bado. Nikamwuliza maharagi yanauzwaje huko. Akaniambia.