Uzio Nilioujenga Tingi

Siku yangu ya kwanza kazini sikupewa kofia wala karatasi. Nyapara wa Liuli, mtu mfupi aliyenusa ugoro kabla ya kila neno, aliniingiza ziwani mpaka maji yakanifika magotini, akanionyesha jiwe refu lililosimama peke yake. "Weka kiganja," akasema. "Ukisikia usingizi, niambie." Jiwe lilikuwa na uvuguvugu wa uji uliosahaulika mezani, na ndani yake kitu kilipumua polepole. Kabla sijamaliza pumzi kumi macho yalikuwa mazito, nikaona samaki wakipita ndani ya lile jiwe, mmoja mmoja, bila haraka. Nikamwambia. "Basi umeajiriwa," akasema, akanusa tena.

Ninyi vijana mmeyakuta mawe yamenyamaza, kwa hiyo itabidi nieleze. Yalikuwa tisa, toka ziwani hadi Mbinga, na hakuna aliyejua ni nani aliyeyasimamisha. La kwanza, lile la majini, tuliliita Kinywa, maana ndilo lililonywa joto la ziwa. Yaliyofuata mlimani, yaliyolipandisha joto hilo, yaliitwa Mabega. La mwisho, kule Mbinga kwenye baridi, lilikuwa Jiko, na serikali ya Mwingereza ilikuwa imelizungushia nyumba ya wazazi, ili watoto wachanga walale wakiligusa. Kama kilimo kilivyokuwa na Bwana Shamba, sisi tulikuwa na Bwana Mawe.

Kazi yangu ilikuwa kupima. Unaweka kiganja, unahesabu pumzi mpaka usingizi uje, unaandika. Pumzi kumi, jiwe zima. Thelathini, limechoka. Ukifika mia huku macho makavu, jiwe limelala. Niliipenda kazi ile kupita kiasi. Nilikuwa natembea toka jiwe hadi jiwe nikiota nusu, na mke wangu, mwenyeji wa Mpepai, alikuwa akinicheka kwamba ameolewa na mtu asiyeamka.

Baadaye nikapandishwa cheo, nikapelekwa Tingi, kwenye Bega kubwa, chini, mpando wa mlima unapoanzia. Hapo nikamkuta Bwana Mawe mpya, kijana mwenye goti bovu na daftari safi. Aliwaona akina mama wauza usipa wakitua vikapu vya dagaa wao na kuegemeza migongo kwenye jiwe, wakipiga soga, akakunja uso.

"Jiwe ni mtambo," akaniambia. "Mtambo hauegemewi. Jenga uzio."

Niliujenga kwa mikono yangu, nguzo za miti na kamba za katani, na nilijiona mtu mkubwa. Mama mmoja, mkubwa wao, tuliyemwita Mama Agnesi, alisimama nje ya kamba na kikapu kichwani.

"Shikamoo, mama," nikasema.

"Marahaba, mwanangu. Leo umetunyima hata pa kuegemea?"

"Ni amri, mama. Mnalichafua."

Akawaashiria wenzake. Wakapanda mlima bila kupumzika, nami nikafurahi jinsi jiwe lilivyokaa safi. Aibu ya neno lile ninayo mpaka leo.

Haukupita mwezi, Mabega yakaanza kupoa, kuanzia Tingi kwenda juu. Nilihesabu arobaini, sabini, mia. Nikateremka Liuli: Kinywa kilikuwa kizima kabisa. Bwana Mawe akaandika barua nyingi, akasema labda kuna ufa ardhini unaopoteza joto. Tulikuwa katika mwezi wa saba, ukungu haunyanyuki Mbinga hadi mchana, na mke wangu alikuwa ameshapelekwa nyumba ya wazazi. Kisha asubuhi moja tarishi akaja akihema. Mke wangu alikuwa amejifungua msichana, kabla ya miezi yake. Jiko lilikuwa limepoa. Wauguzi walikuwa wakimfunika mtoto kwa mablanketi na hapati joto.

Nilikaa chini mbele ya jiwe nikalia. Mama Agnesi na wenzake walikuwa wanapita. Akatua kikapu, akaniuliza, nikamweleza.

"Hebu nishike mgongo," akasema.

Nilisita, maana alikuwa na umri wa mama yangu. Nikaweka kiganja juu ya kanga. Mgongo wake ulikuwa na uvuguvugu uleule wa Kinywa, na usingizi ukanivuta kabla ya pumzi ya kumi.

"Joto hili tunatoka nalo Liuli," akasema. "Zamani tuliliacha hapa tukachukua jipya la kupandia. Sasa linatuishia mlimani. Bwana wako hakutuuliza, na wewe pia hukuuliza."

Nikachukua panga nikakata kamba zote. Wakaingia, wakaegemea, watano, migongo kwenye jiwe, na mimi katikati yao. Baada ya muda jiwe likapumua, tukasikia sote. Tukapanda. Kila Bega tuliegemea, tukaacha joto tulilobeba, tukachukua tena, na njia nzima nilitembea kama niko chini ya maji, samaki wakipita pembeni mwa ukungu. Kesho yake mchana tuliingia nyumba ya wazazi na harufu yetu ya usipa, tukaliegemea Jiko. Mke wangu alimweka binti yetu kifuani pangu, mgongo wangu ukiwa kwenye jiwe. Alikuwa mdogo kuliko kiatu changu. Tulikaa hivyo mpaka vidole vyake vikawa vyekundu, akalia kwa hasira, na kila mtu mle ndani akacheka.

Bwana Mawe alikuja kukagua baadaye. Aliweka kiganja Tingi, akasinzia wima. Alipoamka akatazama nguzo zisizo na kamba.

"Nani aliruhusu?"

"Mtoto, bwana."

Akafikiri, akaandika kwamba uzio umeliwa na mchwa. Tangu siku ile nilimheshimu.

Nilifanya kazi ile miaka mingi, chini ya mabwana wengine watatu. Kisha barabara ikaja, usipa ukapanda lori, na njia ya miguu ikaota majani. Mawe yakalala moja baada ya jingine. Sikushangaa. Siku ya kustaafu, Bwana Mawe wa mwisho alikaa na cheti changu mbele yake, kalamu mkononi, akaniuliza aandike nilikuwa nani: mpimaji, mlinzi, au msimamizi wa jiwe?

"Andika mpagazi," nikamwambia.

Alidhani namtania. Binti yangu, aliyekuja kunichukua, akamwambia aandike.