Mkwe Kwenye Shuka Nyeupe

Zakayo Kundu alikuwa na kazi ambayo kwao Kimilili hakuna mtu aliyeielewa. Alizunguka na gari la sinema kutoka Bahati hadi Molo, akipiga picha za watu wakikamua ng'ombe, kisha jioni anawaonyesha kwenye shuka nyeupe iliyofungwa kati ya miti miwili. "Si ni kucheza na vivuli tu?" akauliza mamamkwe. Mwaka wa hamsini na sita mama huyo akapanda treni hadi Nakuru kwa mkwewe, kumrudisha binti yake Nekoye nyumbani.

Kundu alikuwa amejipanga, au ndivyo alivyojidanganya. Katika sinema mpya ya usafi alimpa dereva kamera, akajitia ndani mwenyewe: "Mimi ni Zakayo Kundu, ndimi ninayezipiga picha hizi. Na mimi huoga hivi." Shati likavuliwa, povu la sabuni hadi masikioni. Nani angesema tena kwamba hana kazi?

Sasa, Mbukusu kama Kundu na mamamkwe wake hawaangaliani usoni, wacha kuonana bila shati. Kundu alilijua hilo vizuri sana. Tangu mama afike alikuwa akilala kwa jirani, na jioni ya sinema akajibanza nyuma ya gari na heshima zake zote. Lakini jameni, akasahau kabisa kwamba yuko pia kwenye shuka!

Uso ukatokea, mkubwa kama mlango wa kanisa, macho yamemkodolea mama pale mstari wa mbele. "Hamjambo!" spika ikanguruma.

"Wee! Mkwe!" Mama akajitupia leso kichwani, akakimbilia upande wa pili wa shuka. Masikini! Picha ilipenya hadi huko nako: Kundu yuleyule, tena sasa anavua shati. Mama akapiga mayowe, akalizunguka gari mbio, akagongana na Kundu mwenyewe, kifua kwa kifua. Kundu akaruka ua wa kayaba bila kujali miiba. Watu walicheka hadi machozi, wakaomba irudiwe.

Asubuhi Kundu aliketi kwa jirani, akijichomoa miiba ya kayaba. Alimpenda Nekoye kuliko kamera, na sasa kamera ndiyo imemfukuzia mke. Kupitia ukuta mwembamba wa mbao alimsikia mama akifunga mizigo.

"Mama, msamehe," Nekoye alikuwa akilia. "Hakukusudia."

"Nyamaza. Leso yangu ni nyepesi, nimemwona. Mbavu zote ziko nje! Mtu anafanya kazi mpaka giza linaingia, wewe unamlisha nini?"

Nekoye akapenga kamasi.

"Haya, fungua huo mzigo wako. Mimi narudi peke yangu. Wewe baki hapa upike."

Upande wa pili wa ukuta, Kundu akaingiza mkono ndani ya shati, akazipapasa mbavu zake moja moja, akazishukuru.