Ngozi ya Kondoo Mgongoni Mwangu

Mimi nauza ngozi za kondoo ambao sijawahi kuwaona. Hufika Goma zikiwa zimekunjwa kama mashuka, laini, nyeusi au za rangi ya kahawa, kutoka viwanda vya Uganda na Kenya, na nyingine, nasikia, kutoka mbali zaidi ya hapo. Mafundi viatu wa mtaa wetu wa Mabanga huzitumia kwa bitana, ile sehemu ya ndani inayogusa mguu, maana ngozi ya ng'ombe hukwaruza na ngozi ya plastiki hunukisha miguu. Wengine hushonea majalada ya Biblia. Mtu akiniuliza mbona tunaagiza ngozi ya kondoo wakati milima ya Masisi na Rutshuru imejaa kondoo, huwa namwambia aende akaangalie nyuma ya machinjio. Ngozi zetu huliwa na mbwa, au huoza, au huvuka mpaka zikiwa mbichi, kisha hurudi zimelainishwa tukazinunua kama mali ya wageni. Nimelalamika juu ya jambo hilo mpaka wateja wangu wamechoka kunisikia.

Katika miaka yangu yote ya biashara hii, kuna ngozi moja tu ambayo nilivusha bila kuipitisha kwa watu wa forodha.

Niliifuata kwa ajili ya binti yangu. Sina mtoto mwingine. Mtoto wake wa kwanza alikufa katika yale majuma ambayo mji ulikuwa ukipiganiwa, na hakufa kwa bomu. Alikufa kwa homa, ndani ya nyumba yetu, kwa sababu hakuna aliyethubutu kufungua mlango kwenda kutafuta dawa. Tulikuwa tumelala sakafuni sote, mama yangu mzee, binti yangu na mimi, na mtoto akiwa katikati yetu, amefungwa kwenye kitenge. Risasi zilipotulia, mtoto naye alikuwa ametulia.

Mimba ya pili ilipoanza kuonekana, binti yangu hakufurahi, wala mimi sikufurahi. Tuliiogopa. Alikuwa akikaa mlangoni, mkono tumboni, akisubiri mtoto acheze, na mtoto akichelewa kucheza aliniita kibandani kwa simu nirudi nyumbani. Nilikuwa nikirudi mbio, nimeacha wateja wamesimama.

Siku moja aliniambia, "Mama, mimi minataka ingobyi. Ikuwe ya kondoo. Sitamubeba huyu mu kitenge."

Ingobyi ni mbeleko ya ngozi. Kwetu Rutshuru, zamani, mtoto hakubebwa kwa kitambaa. Alibebwa kwenye ngozi ya kondoo iliyosuguliwa siagi mpaka ikawa laini kama sikio. Walichagua kondoo kwa sababu ni mnyama mpole asiyepiga kelele hata akishikwa, wakaamini mtoto atalala kwa amani ndani yake. Ya familia yetu ilimbeba mama yangu, ikanibeba mimi, ikambeba binti yangu, na sote tumekua. Tulipokimbia Rutshuru tuliiacha ikining'inia kwenye msumari nyuma ya mlango. Tulibeba sufuria. Goma nzima imejaa sufuria, nasi tukabeba sufuria.

Mimi ni mtu wa kanisani, na ni mtu wa kucheka mambo ya namna hiyo. Nilitaka kumwambia mwanangu kwamba homa haiulizi mtoto kabebwa na nini. Lakini nilimtazama uso, nikaona kwamba akimbeba huyu wa pili kwenye kitenge atakuwa akimsikiliza pumzi kila hatua mpaka awe kichaa. Nikamwambia nitaleta.

Mama yangu alikuwa amekaa karibu na jiko, anamenya viazi. Alisema bila kuinua kichwa, "Ulete nzima, isikatwe. Na mutu asiifunge ku mugongo kama mutoto haiko ndani."

Huo nao ni mwiko wake, na nilikuwa nimeusikia tangu utotoni. Ingobyi haifungwi mgongoni ikiwa tupu. Wasichana wadogo waliojaribu kuchezea ile ya zamani walichapwa, kwa sababu, alisema mama, anayebeba utupu anauita.

Ngozi za kibandani kwangu zilikuwa zimepakwa rangi, na mama hakutaka rangi. Nilijua muuzaji mmoja wa Gisenyi, ng'ambo ya mpaka, mwenye ngozi za kondoo zisizo na rangi, nyeupe-nyeupe kama maziwa. Kwa kawaida mzigo wangu hupita kwa wakala mpakani, na ushuru ninalipa. Tena najivunia hilo, na nimewasema sana wale akina mama wanaopitisha nguo na mafuta kwa kujifunga chini ya vitenge, wakatoka nyumbani wembamba na kurudi wanene. Lakini siku hizo upande wa pili ilisemekana kuna ugonjwa wa mifugo, na mpakani walikuwa wamekataza chochote kilichowahi kuwa mnyama. Nilieleza kwamba ngozi iliyopita kiwandani imepikwa dawa hata mdudu hawezi kuitazama. Wakala wangu alisema ni kweli, halafu akasema amri ni amri.

Binti yangu alikuwa amebakiza muda mfupi kujifungua. Nikavuka kwa miguu asubuhi, nikanunua.

Nilipokuwa narudi kuelekea kizuizi cha mpakani cha Petite Barrière, niliona mbele yangu mifuko yote inafunguliwa. Ngozi ilikuwa kubwa, haikukunjika ikaenea popote. Kando ya njia palikuwa na wanawake wanajipanga, kila mmoja na ujanja wake, na mmoja wao, mtu nisiyemjua, aliniangalia na ile ngozi yangu mikononi akacheka. "Mama, weka ku mugongo," alisema. "Mwenye iko na mutoto habamufungule."

Aliinama, akaipokea, akaiviringisha vizuri, akanifungia mgongoni kwa kitenge changu mwenyewe kabla sijafikiri. Akafunika na juu, kama tunavyofunika kichwa cha mtoto kwa ajili ya upepo wa ziwa. Nilipiga hatua kadhaa, na ndipo maneno ya mama yangu yalipoingia kichwani. Nilikuwa nimebeba ingobyi mgongoni, na ndani yake hapakuwa na mtu. Nilitaka kufungua, lakini nyuma yangu watu walikuwa wanasukuma na mbele yangu afisa alikuwa ameshaniona.

Alikuwa mwanaume wa makamo, mmoja wa wale wapya tuliokuwa bado hatujawazoea. Tangu mji uangukie mikononi mwao hatukujua nani hukasirika kwa nini. Nilikuwa nimeona watu wakiwekwa kando pale, nikaona na wengine wasiorudi pamoja na wenzao.

"Mama, unabeba nini?"

"Mutoto," nikasema.

"Haliye hata kidogo?"

"Analala, papa."

Alinyoosha mkono akauweka juu ya kitenge. Nilisikia kiganja chake kupitia ngozi, kikikaa pale mgongoni mwangu, kikitafuta. Nikajua nimekwisha. Nikaona watanivua mbele ya watu, watachukua ngozi, watanifungia mahali, na binti yangu atazaa nikiwa huko.

Afisa aliondoa mkono polepole. Alinisogelea, akashusha sauti, na uso wake ulikuwa umebadilika.

"Mama, huyu mutoto iko baridi."

Nikakaza kitenge kifuani.

"Hapumue muzuri. Mama, usikawiye hapa. Peleka mu hopitali. Mutoto akikuwa hivi, banakimbia naye." Akawageukia watu akawafokea wanipishe njia. "Mumupitishe mama! Mutoto wake ni mugonjwa!"

Watu wakanipisha. Wengine walisema pole. Nilipita katikati yao nikiwa nimebeba mtoto baridi asiyepumua, na nililia, machozi ya kweli, na kila aliyeniona alidhani ananielewa. Angenitukana, angeninyang'anya, ningekuwa na nafuu. Alikuwa mtu mwema, na kwa wema wake alikuwa amesema kwa sauti, mbele ya umati, kile ambacho nyumbani kwetu hakuna aliyethubutu kukitaja.

Nilifika Mabanga nikamkuta mama peke yake. Binti yangu alikuwa kliniki. Mama aliipokea ngozi, akainusa. "Hii kondoo banaiua mara mbili," alisema, kwa sababu ya harufu ya dawa za kiwandani. Kisha akaniangalia. "Uliibeba namna gani?"

Nilimwambia yote. Nilitarajia atanigombeza, ana ulimi mkali kuliko wangu. Alibaki ameishika ngozi magotini, akiipapasa, na hilo lilinitisha kuliko afisa wa mpakani. Mwishowe alisema, "Mutoto wako asijue. Tushone leo."

Tukashona. Yeye alikata mikanda kutoka kipande kingine cha ngozi, mimi nikatoboa matundu kwa msumari wa fundi viatu. Aliniagiza siagi ya Masisi, akaisugua ile ngozi mchana kutwa, siku baada ya siku, mpaka harufu ya kiwandani ikafifia na nyumba ikanuka utoto wangu. Binti yangu alikuwa akija kuigusa, anaipitisha shavuni, anatabasamu. Mama na mimi hatukutazamana.

Sijui niseme vipi hofu ya majuma yale. Nilikuwa nikiwakatia wateja ngozi vibaya. Nilikuwa nikiamka nikitafuta mgongoni. Nilienda kwa padri, akaniambia ni ushirikina, nikakubaliana naye kabisa, nikatoka kanisani nikiogopa vilevile. Kila binti yangu aliposema mtoto amechelewa kucheza, nilisikia tena kile kiganja juu ya kitenge.

Alijifungua mchana, mvua ikinyesha. Nilikuwa nimeegemea ukuta nje ya chumba cha kliniki, na nilisikia kila kitu isipokuwa kile nilichokisubiri. Nilisikia mkunga akisema mtoto ametoka, nikasikia vyombo, nikasikia binti yangu anauliza, "Juu ya nini haliye?" Nikakaa chini pale pale kwenye sementi. Halafu ikasikika sauti ndogo, nyembamba, kama ya mlango unaohitaji mafuta. Mkunga akasema, "Iko muzima, iko tu mupole."

Alikuwa mpole kweli. Hakuwahi kulia sana. Alinung'unika kidogo, akanyonya, akalala. Jirani zetu walitupongeza kwa kupata mtoto mwenye adabu. Mama aliipandisha ingobyi mgongoni mwa binti yangu kwa mikono yake mwenyewe, mtoto akazama ndani yake akalala papo hapo, na binti yangu akatembea uani ameinua kichwa. Alipona ile hofu, yule mwanangu. Ni mimi niliyekuwa nikinyemelea nyuma yake na kuingiza kidole ndani ya ngozi kutafuta joto.

Mtoto alipopata nguvu kidogo, tulivuka kwenda Gisenyi kumwonyesha kwa ndugu za baba yake wanaoishi huko. Wakati wa kurudi binti yangu alikuwa amechoka, nikambeba mimi. Nilimfunga vizuri, nikamfunika kitenge kwa ajili ya upepo. Tulipokaribia kizuizi niliinua macho, nikamwona afisa yule yule.

Wanaume hawajui kuhesabu miezi ya watoto. Aliniangalia, akafikiri, uso wake ukafunguka. "Mama! Ni wewe wa mutoto wa baridi? Alipona?"

Binti yangu alinigeukia. "Mutoto gani, Mama?"

"Fungula tuone," afisa akasema. Hakuwa na ubaya wowote. Alikuwa na furaha.

Nilishika fundo, nikaliacha limefungwa. Mgongoni palikuwa kimya, na sikusikia pumzi, sikusikia uzito. Nilikuwa na hakika, hakika kamili, mchana kweupe, kwamba nikifunua kile kitenge nitakuta ngozi iliyoviringishwa na hakuna kitu ndani. Watu walianza kusukuma. Binti yangu akaniuliza tena, kwa sauti nyingine, akanyoosha mkono kufunua mwenyewe. Nikamtangulia. Nilifungua fundo, nikamzungusha mbele, nikafunua.

Mtoto alikuwa macho. Alimtazama afisa, kofia yake, bunduki yake, akakunja uso, akaachia mlio ambao hatujawahi kuusikia kwake, mlio wa kupasua masikio, mpaka wale wanawake wenye mizigo wakageuka. Afisa alirudi nyuma akicheka. "Ah! Huyu iko na sauti! Pita, mama, pita."

Sikupita. Nilisimama katikati ya njia, watu wakinigonga mabega, nimemshika kwenye ile ngozi, mwekundu, mwenye moto, anatetemeka kwa hasira. Binti yangu alikuwa ameshafungua kifua ili amnyamazishe.

"Muache," nikamwambia. "Muache kwanza. Alie."